Radhi Niliyoipanga kwa Mkono Wangu

Siku yangu ya mwisho hapa kiwanda cha chapa, Tabora, mlinifanyia karamu. Kulikuwa na pilau, kiti cha mninga chenye mikono, mwavuli mweusi mpya na hotuba tano. Katika hotuba hizo nilielezwa kuwa mimi ni nguzo, taa, hazina na chemchemi. Kufikia hotuba ya nne nilikuwa najipapasa kifundo cha mkono kuona kama mshipa bado unapiga. Aliyeniokoa ni Ramadhani wa mashine kubwa, Mzaramo wa Kisarawe. Alisimama bila kuitwa, akauchukua mwavuli wangu na kuukumbatia.

"Huu hauendi kwake Ipuli," alisema. "Kichwa cha Mnyamwezi kimebeba mizigo tangu enzi za babu yake. Mvua itakifanya nini?"

"Chukua, mtumwa wangu," nilimjibu. "Kwenu hamjui kuezeka."

Wengi mlicheka. Gervas, kijana wetu kutoka Bukoba anayesahihisha prufu, zile chapa za majaribio, alikunja uso. Baadaye alinifuata nje akaniambia kwa adabu kubwa, "Mzee Andrea, sasa tunaelekea kujitawala. Haya mambo ya Mnyamwezi na Mzaramo si tuyaache? Sote ni Watanganyika."

Nilimwambia kwamba swali lake ni zuri na nitalijibu kwa maandishi, maana kwa mdomo ningeliharibu. Ndiyo haya. Anayetaka kujua nilipandishwa cheo mara ngapi atafute jalada langu kabatini; panya wameshalisoma, watamsimulia.

Nilianza kazi nikiwa na miaka ishirini, nimetoka shule ya misheni na cheti kinachosifu mwandiko wangu. Mzee Yakobo Mihambo, fundi mkuu wa chumba cha herufi, alikitazama cheti kile, akakikunja mara nne na kukiweka chini ya mguu wa meza iliyokuwa ikiyumba. Meza ikatulia. "Kimefaa," alisema. Kisha akanionyesha sanduku la herufi lililoanguka wiki ile, herufi zote zimechanganyika kama mchele na choroko, akaniambia nirudishe kila moja nyumbani kwake. Siku tatu sikufanya kingine. Siku ya nne alipita akachungulia, akaokota n moja iliyokaa kwenye nyumba ya u, akanipa bila kusema neno. Mpaka leo sijui aliionaje.

Ninyi mnaotarajia mashine ya kumwaga mstari mzima kwa pigo moja hamtaijua kazi ile. Kila herufi ilikuwa kijiti cha risasi, unakiokota kwa vidole na kukisimamisha kwenye kibao cha chuma cha ukubwa wa kiganja, kichwa chini na mgongo mbele. Tulijifunza kusoma dunia kinyumenyume. Nikipewa barua hadi sasa huigeuza kwanza, na mke wangu amekwisha kuacha kuuliza.

Masanduku yenyewe yalitoka Uingereza, yamehesabiwa kwa lugha ya huko. Herufi e zilikuwa tele, zimelala wala hazina kazi. Kulikuwa na q za kutosha kujengea ukuta. Lakini a, k na w zilikwisha katikati ya ukurasa, na ilibidi tupige chapa nusu ya kwanza, tubomoe, tuoshe herufi, tuanze nusu ya pili. Nilipolalamika Mzee Yakobo alisema, "Walituletea sanduku la maneno yao. Sisi tutasema yetu kwa kilichomo." Mshairi mmoja wa Urambo, aliyependa mno kuanza kila mstari na "kwa", alipelekewa barua ya kumwomba awe na huruma.

Mzee Yakobo alikuwa mrefu, mwembamba, Mmoravian wa kuimba sauti ya chini kanisani. Baba yake alikuwa mpagazi, mmoja wa wale waliobeba pembe kwa miguu kutoka Unyanyembe hadi pwani. Yeye mwenyewe hakupata kubeba kitu kizito kuliko kibao cha herufi, ila alikuwa na kofia moja ya pama, ya rangi ya vumbi, ambayo aliitundika kwenye msumari juu ya sanduku lake kila asubuhi. Iangalieni kofia hiyo, maana nitairudia.

Gazeti letu la mwezi liliitwa Njiapanda. Ukurasa wa kwanza ulikuwa wa Boma la Serikali, nao ulihusu mbung'o. Wa pili ulihusu ng'ombe, yaani mbung'o tena. Ukurasa wa tatu ulikuwa wa mashairi ya wasomaji, na huo ndio uliosomwa. Watu wa Kanyenye walilifungua gazeti kwa ukurasa wa tatu, wakalisoma kwa sauti dukani, kisha wakafungia sukari ukurasa wa kwanza.

Kulikuwa na amri moja: kila mshairi aweke jina, mahali, na kabila. Asiyeweka kabila, prufu yake ilirudi kutoka Boma ina alama ya penseli nyekundu. Mikutano ya chama ilipoanza mjini, walimu vijana wakaanza kuandika "Mtanganyika" mahali pa kabila. Prufu ilirudi imeandikwa: Kabila gani hili? Mzee Yakobo alinituma nikamuulize mwalimu mmoja. Mwalimu akasema, "Mwambie ni jipya." Nilipeleka jibu hilo Boma kama lilivyo. Mimi ni mtu wa utaratibu.

Mfalme wa ukurasa wa tatu alikuwa Bwana Kondo Shomari, karani wa simu pale stesheni, Mzaramo mfupi, mnene, mwenye vidole vyepesi. Kila Jumamosi alileta shairi lake kwa mkono. Hakubisha hodi. Aliingia, akaitoa kofia ya Mzee Yakobo msumarini, akaivaa, akaketi.

"Mpagazi, umeamka? Nilidhani wamekufunga pamoja na mizigo."

"Nimeamka, mvivu. Na wewe nani amekubeba kukuleta hapa? Najua hukutembea."

Kwa msomaji asiye wa huku: Wanyamwezi na Wazaramo ni watani. Wapagazi wetu walipita kwao kila mwaka, wakagombana nao, wakala kwao, wakaoa kwao, na mwisho wakaachiana ruhusa. Mtani huchukua kofia yako, hukutukana mbele ya mkweo, na wewe hukasiriki. Ukikasirika umekosa adabu. Hayo kila mtu anayajua. Lililobaki nilichelewa kulijua.

Haya ndiyo yaliyokuwa yakipigwa chapa. Bwana Kondo aliandika:

Mnyamwezi namjua, katoka safari kali,
Pwani alipoingia, kaona maji ya mbali,
Mchuzi akadhania, akaagiza ugali,
Hata leo angojea, kupakuliwa wa pili.

Mzee Yakobo hakutumia karatasi. Alisoma, akakohoa, akachukua kibao na kuokota jibu moja kwa moja kutoka sandukuni, akiwa bado anazungumza nasi habari za mahindi:

Mzaramo kaamka, jua liko utosini,
Jembe lake kalitaka, kalikuta uvunguni,
Kuinama kakumbuka, ana shughuli ngomani,
Jembe nalo likachoka, likaoa mchwa ndani.

Yakaenda hivyo kwa miaka miwili. Ndipo akaja Bwana Shauri mpya wa Boma, Mwingereza kijana mwenye adabu, tuliyempa jina la Bwana Penseli. Kiswahili chake alikipata kitabuni, nacho kilikuwa safi kuliko cha baadhi yetu. Alikuwa wa kwanza pale Boma kuusoma ukurasa wa tatu wote, na kwa bahati mbaya aliuelewa kila neno.

Tuliitwa watatu: Mzee Yakobo, Bwana Kondo, na mimi niliyebeba magazeti. Mezani kulikuwa na kamusi iliyochomekwa vipande vya karatasi.

"Nimesoma," alisema Bwana Penseli, "kwamba jembe la Mzaramo limeoa mchwa. Nimesoma kwamba Mnyamwezi alidhani bahari ni mchuzi. Karibuni watakuja wageni kutoka ng'ambo kutazama kama makabila ya nchi hii yanaweza kukaa pamoja. Mnataka wasome haya?"

"Ni watani, Bwana," alisema Mzee Yakobo.

"Neno hilo ninalo hapa. Ni watu wanaofanyiana mzaha. Lakini mzaha wa miaka miwili?"

"Wa miaka mia," alisema Bwana Kondo. "Miwili ni iliyopigwa chapa."

Bwana Penseli alifungua gazeti lingine. "Na hapa, Mzee, alikuita nani?"

"Mtumwa wake."

"Nawe ulikubali?"

"Nilikataa, Bwana. Nilimwambia mtumwa ni yeye."

Alitutazama kwa huzuni ya kweli. Sikumwona kuwa mtu mbaya hata siku ile. Alikuwa kama mtu anayetazama wawili wakikumbatiana kwa nguvu akadhani wanakabana. Akatoa amri. Toleo lijalo liwe na shairi la kuombana radhi, lenye majina ya wote wawili na makabila yao. Lisipotoka, ukurasa wa tatu utafungwa, na ataandika barua kwa wakubwa wa reli Bwana Kondo ahamishwe aende mahali asipo na mtu wa kumtukana.

Bwana Kondo alikuwa anajenga nyumba Mtendeni, hapa mjini. Watoto wake walikuwa shuleni, na mama yake mzazi alikuwa njiani kuja kumtembelea. Tulipotoka nje nilimsihi. "Bwana Kondo, ni beti chache tu."

"Siombi radhi kwa mtani. Nimemkosea nini?"

Nikamgeukia mkubwa wangu. Mzee Yakobo alinijibu tulipofika kiwandani na kofia ikawa msumarini.

"Baba yangu alifia njiani, Uzaramo," alisema. "Wenzake walikuwa na mizigo ya tajiri, hawakuweza kukaa. Wazaramo walimzika. Walichimba huku wakimtukana, mmoja akalala ndani ya kaburi akasema hatoki mpaka mpagazi amlipe ushuru wa njia. Wapagazi waliopita baadaye walituletea habari hiyo, na mama alicheka siku ile kwa mara ya kwanza tangu msiba. Unaelewa? Mgeni huzikwa kwa heshima halafu husahauliwa. Baba yangu hakuzikwa kama mgeni. Sasa unataka nimwombe radhi nani, na kwa lipi?"

Nawaambia ukweli, sikumsikiliza vizuri. Nilikuwa nahesabu k zilizobaki.

Siku ile ile Mzee Yakobo alikwenda Nzega kwa wakwe zake, siku nne. Wawili wale wamekataa, gazeti linasubiri, nyumba ya Mtendeni haina paa. Nikaona jambo hili lahitaji mtu mwenye utaratibu. Nikaitunga radhi mwenyewe, beti nane. Nilikuwa sijapata kutunga shairi maishani, nami nililiona zuri mno. Lilikuwa na mstari huu: Twaombana radhi sote, tusiwe tena na neno. Chini nikaweka majina yao mawili na makabila yao mawili, bila kumuuliza mtu. Bwana Penseli aliirudisha prufu ile ikiwa na maneno mawili mekundu: Safi sana. Ilikuwa prufu ya kwanza kurudi bila kosa lolote. Hapo ningepaswa kushtuka.

Jumamosi iliyofuata Bwana Kondo alibisha hodi.

Tulitazamana mle chumbani, hatukujua hodi hiyo inajibiwaje. Akaingia, akasimama mbali na msumari, mikono ameifumbata mbele kama aliye msikitini.

"Shikamoo, Mzee Yakobo."

Nilimwona Mzee Yakobo akishika ukingo wa sanduku. "Marahaba," alisema. "Hujambo, Bwana Kondo?"

"Sijambo, mzee. Nimepita kuwajulia hali. Sina shairi mwezi huu."

"Karibu tena."

"Asante sana."

Akaondoka akaufunga mlango polepole. Mzee Yakobo aliiangalia kofia yake, ambayo haikuwa imeguswa, kisha akaniangalia mimi. Alikuwa amerudi kutoka Nzega asubuhi ile, na gazeti lilikuwa mezani kwake. "Umepanga vizuri," alisema. "Hakuna kosa hata moja." Hakusema nami tena mpaka Jumatatu.

Halafu barua zikaanza. Njiapanda lilikwenda na reli, na radhi yangu ilikwenda nalo hadi pwani. Mtu wa Igunga aliandika: "Mnasema tusiwe tena na neno. Hapa kwangu ana makazi Mzaramo mmoja, amenitukana miaka sita mfululizo. Tangu asome gazeti amenyamaza na anafungasha vitu vyake. Nimemkosea nini?" Mpiga misumari wa reli alituuliza nani amekufa. Barua iliyoniuma zaidi ilitoka kwa Mnyamwezi anayefanya kazi bandarini: "Watani wangu wamesoma. Tangu jana wananipisha njia na kuniita Bwana. Nikifa huku nitaokotwa na nani?"

Nilizisoma zote, nikazipanga kwa tarehe, nikazifunga kwa uzi. Hilo ndilo pekee nililojua kufanya. Bwana Penseli naye alifurahi sana kwa utulivu ulioingia. Alisema stesheni sasa watu wanaongea kama kanisani.

Katika utulivu huo akashuka mama yake Bwana Kondo, Bi Chausiku. Alikuwa mdogo, mkavu, mwenye kaniki mbili na sauti ya mtu mwenye kaniki ishirini. Siku ya tatu alikuja kiwandani peke yake, akiuliza njia kwa kila aliyemkuta.

"Mihambo ni yupi hapa?"

Mzee Yakobo akasimama. "Ni mimi, Bi Mkubwa. Shikamoo. Karibu uketi."

Bibi alirudi nyuma hatua moja kama aliyepigwa kofi. "Na wewe pia?" Akajitupa kwenye kiti. "Nimeshuka garini, mchukuzi Mnyamwezi amenipokea mzigo kwa mikono miwili. Sokoni wamenipunguzia bila kunitukana. Jana kijana mmoja amenivusha barabara. Nikamwuliza mwanangu, 'Kondo, nina ugonjwa gani ambao hamjaniambia?' Hasemi. Nimekuja kukuuliza wewe. Miaka yangu imekwisha, na safari ya kurudi ni ndefu. Nikifa katika vumbi lenu hili, mtanichimbia au mtaniletea maua?"

Mzee Yakobo aliitazama mikono yake.

"Nani aliandika ile radhi?" aliuliza Bibi. "Kondo si yeye. Namjua, hajapata kuniomba radhi hata mimi niliyemzaa."

Ilinibidi niseme. Nikamweleza yote: amri, nyumba isiyo na paa, siku nne za Nzega, beti nane. Alinisikiliza huku akitafuna tambuu yake.

"Kwa hiyo ulitaka kumsaidia mwanangu."

"Ndiyo, Bibi."

"Umemfanya mgeni. Tulikuwa na watu kutoka pwani mpaka kwenye ziwa, wewe umetuachia majirani." Akanielekeza kidole. "Faini. Mtani akivunja, mtani atengeneze. Utanitukana mimi, kwa jina langu, katika karatasi hiyo hiyo, isomwe kote ilikosomwa ile. Na iwe tusi la maana. Likiwa baya kama radhi yako, nakwenda zangu siku hiyo hiyo."

"Bibi, sijui kutukana."

"Basi jifunze. Niangalie vizuri mimi kizee niliye mbele yako. Huoni chochote?"

Yeye akaenda kumngoja mwanawe stesheni. Mimi nilibaki na kibao. Jambo lenyewe lilikuwa hili: kila prufu ilipita Boma kwanza, na hiyo isingepita. Ikipigwa chapa bila kupita, ukurasa utafungwa, Bwana Kondo atahamishwa, na mimi nitakuwa nimeivunja amri kwa mkono ule ule ulioitii. Isipopigwa, mtu wa bandarini ataendelea kupishwa njia. Nilimtazama Mzee Yakobo nikitumaini atanikataza. Alikuwa amesogeza sanduku lake karibu nami, k zikiwa mbele.

Sikutumia karatasi. Niliokota herufi moja moja:

Bi Chausiku kashuka, ana nazi mfukoni,
Tabora alipofika, kauliza: Pwani gani?
Vumbi letu lamcheka, limempaka usoni,
Kwao tukimpeleka, tumfunge mzigoni.

Chini nikapanga jina langu, nikapanga Ipuli. Mahali pa kabila nilisita kidogo, halafu nikapanga: Mtani wao. Katika miaka yangu yote ya kazi huo ndio ukurasa pekee niliopeleka mashineni bila saini ya Boma. Kama kuna kijana anayetaka kuiga, na awe na sababu.

Gazeti lilitoka Ijumaa. Jumamosi asubuhi Bi Chausiku aliingia bila hodi, gazeti amelikunja kama fimbo, mwanawe nyuma yake. Alimwendea Mzee Yakobo, akanyoosha mkono juu ya kichwa chake, akashindwa kuufikia msumari.

"Mpagazi wewe, msumari huu uliupigilia kwa ajili ya twiga? Nipe kofia yangu!"

Mzee Yakobo aliitoa kofia akamvika. Ilimfunika mpaka machoni. "Kaa nayo, mvivu," alisema. "Tukikufunga mzigoni nitajua kichwa kiko upande gani."

"Mmesikia? Wameniahidi kunibeba mpaka kwetu. Imeandikwa!" Akamgeukia mwanawe. "Na wewe umesimama nini kama umekuja kuposa? Huyu si mtumwa wako?"

Bwana Kondo alimzunguka Mzee Yakobo, akampima kwa macho. Halafu alisema, "Mama, mtumwa huyu amekonda. Nadhani bado anangoja ugali wa pili." Tulicheka wote, na Mzee Yakobo akacheka mpaka akafuta macho kwa kitambaa cha wino, akajipaka weusi uso mzima. Bibi akamwambia sasa ndiyo amependeza.

Hapo ndipo Bwana Penseli alipoingia. Alikuwa na gazeti mkononi, na shingo imekuwa nyekundu kwa hasira. "Nani aliruhusu ukurasa huu?"

"Mimi," nilisema.

"Mmemtukana mama mzee, mgeni, kwa jina lake. Nimekuja kumwomba radhi mimi mwenyewe kwa niaba ya Serikali. Anakaa wapi?"

Kutoka chini ya kofia ya pama sauti ikauliza, "Huyu aliyesimama kama nguzo ya simu ni nani?"

Bwana Penseli aliinama, akavua helmeti yake. Adabu hakukosa kamwe. "Shikamoo, mama," alisema.

Bi Chausiku aliinua ukingo wa kofia, akamtazama kuanzia viatu hadi nywele. Kwa mara ya kwanza tangu ashuke garini alijibu taratibu, kwa heshima zote. "Marahaba, mwanangu. Karibu. Mpeni kiti, huyu ni mgeni."

Aliketi. Alikaa karibu saa nzima, akiwaangalia Mzee Yakobo na Bwana Kondo wakivutana kuhusu nani alimwuzia nani chumvi enzi za misafara. Hakuandika kitu. Alipoondoka aliniuliza mlangoni, kwa sauti ya chini, inachukua muda gani mtu kuwa mtani. Nilimwambia sijui, Bwana, sisi tulitembea kwa miguu. Barua ya kumhamisha Bwana Kondo haikuandikwa. Ukurasa wa tatu ulifungwa miezi miwili kwa makosa yangu, halafu ukafunguliwa, nadhani kwa sababu alichoka kusoma mbung'o. Bi Chausiku alirudi kwao mzima, akaishi miaka mingine mingi, akituma matusi kila mwezi kwa mkono wa mwanawe.

Mzee Yakobo alipofariki Bwana Kondo alikuwa amestaafu, amerudi pwani. Alikuja na gari moshi siku mbili. Alishuka kaburini kabla ya jeneza, akalala na viatu vyake, akasema shimo hili ni pana mno kwa mtu mwembamba vile, hawa Wanyamwezi wanachezea ardhi. Mchungaji alingoja, kidole ndani ya kitabu. Mjane alicheka na kulia kwa pamoja. Baadaye Bwana Kondo aliichukua kofia, akaileta hapa kiwandani na kuitundika mahali pake.

Sasa, Gervas. Umeuliza kama tuyaache. Boma lilitaka tuwe makabila tu, na wewe unataka tusiwe nayo kabisa. Wote wawili mna adabu nyingi. Siku nikifa, kazi ya kaburi nimemwachia aliyenyang'anya mwavuli. Wewe umeniamkia vizuri kila asubuhi kwa miaka minne, nami nakushukuru, lakini nilikuwa nikijisikia nimefika Bukoba ugenini. Nimewauliza wazee: kati ya kwenu na kwetu hakuna utani. Hakukuwa na njia ya misafara. Lakini mmesema ninyi wenyewe kwamba nchi ni mpya, na sioni sheria inayokataza mtu kuanza.

Kofia sikuichukua. Iko juu ya sanduku la Mzee Yakobo, na msumari ule wewe unaufikia.